Koliflawa ni Zao la Kuhesabu Siku

(Haya ni mazungumzo ya Afisa Elimu ya Watu Wazima mbele ya wahitimu wa kisomo wa kata moja ya milimani, wilayani Lushoto, mwishoni mwa mwezi Aprili.)



Nimeombwa kuzungumza nanyi juu ya kulima koliflawa katika bustani ya nyumbani, huku kwetu milimani kwenye baridi. Awali nilikataa. Nilisema mimi si bwana shamba, mimi ni mwalimu. Nimesomea ualimu chuoni, na kazi yangu ni elimu ya watu wazima. Bwana shamba wetu akanijibu, "Mwalimu, wewe ndiye uliyeharibu koliflawa ya darasa. Kwa hiyo wewe ndiye utakayeeleza." Sikuwa na jibu. Naona wengine mnacheka kwa sababu kisa chenyewe mnakijua. Wasiokijua nitawaeleza, maana karibu somo lote limo humo.

Kwanza tujue tunazungumza juu ya kitu gani. Koliflawa ni ndugu wa kabichi, ni jamii moja na sukuma wiki na brokoli. Miche yake ikiwa michanga, hata mkulima mzoefu anaweza kudhani ni kabichi. Tofauti ni kwamba kabichi hufunga majani, lakini koliflawa hutoa ua jeupe katikati. Tunaliita ua, ingawa bado halijawa ua. Ni vikonyo vingi vidogo vya maua, vimebanana pamoja, havijachanua. Ukiliacha hadi lichanue utaona vikonyo vinarefuka na kutoa maua madogo ya manjano, na hapo hakuna tena chakula wala biashara.

Sasa hapa naomba mnisikilize vizuri. Sukuma wiki ukiikosea wiki hii, wiki ijayo itatoa majani mengine. Kabichi ikipata kiu kidogo itachelewa, lakini mwisho itafunga. Kabichi ina huruma. Koliflawa haina. Mche mmoja hutoa ua moja tu, mara moja tu. Kwanza mmea hujenga majani, na majani hayo ndiyo ghala lake la chakula. Baadaye, ukishakomaa kiasi na kupata ubaridi wake, huacha kujenga majani ukaanza kujenga ua. Ghala likiwa kubwa, ua litakuwa kubwa. Ghala likiwa dogo, ua litakuwa kama kifungo cha koti, na hata umwage gunia zima la mbolea halitakua tena.

Ni kitu gani kinachofanya mmea uanze kutoa ua kabla ghala halijajaa? Ni shida. Mche ukikaa kitaluni mpaka ukazeeka, huona shida. Ukikosa maji, huona shida. Udongo ukikosa mbolea, ni vilevile. Ni kama mmea unajisemea, "Hapa sitaishi sana, afadhali nizae sasa hivi." Ndivyo tulivyoifanyia sisi koliflawa ya darasa. Au niseme ukweli, ndivyo nilivyoifanyia mimi.

Mwaka 2019 wahitimu kumi na wanne wa darasa letu, wengi wao akina mama, waliamua kulima koliflawa kwenye kipande kile cha bondeni nyuma ya darasa. Walichanga fedha zao wenyewe. Wengine waliuza mayai, na mama mmoja aliuza kuku mwenyewe, yule aliyekuwa akitaga. Wakanunua mbegu na samadi. Tulisia mbegu mwanzoni mwa Mei. Baada ya wiki tano miche ilikuwa na majani matano matano, imesimama kama watoto wa shule mstarini. Ilikuwa tayari.

Siku hizo nikapata habari kwamba atatutembelea mgeni mkubwa kutoka mbali, anataka kuona kazi za madarasa ya watu wazima. Nikaona hapa ndipo pa kujionyesha. Nikawaambia akina mama, "Msipandikize kwanza. Ngojeni mgeni aje awaone mkipandikiza." Mgeni hakuja wiki ile. Wiki ya sita akaahirisha tena. Bibi mmoja, mkubwa kuliko sote darasani, akanijia akasema, "Mwanangu, miche hii inazeeka." Nikamjibu kwa adabu, lakini kwa kichwa cha mwalimu, "Bibi, tuvumilie kidogo, itakulia shambani." Mgeni alifika wiki ya tisa. Tukapandikiza miche mia moja na ishirini mbele yake, tukapigwa picha, akaondoka amefurahi.

Baada ya wiki tatu hivi tukaona vitu vyeupe vinachungulia katikati ya majani. Tulishangilia! Tukasema koliflawa yetu ina mbio. Kumbe ndio msiba wenyewe. Maua yale hayakukua. Mengi hayakuzidi yai la kuku, na mengine yalikuwa kama kizibo cha soda. Mnunuzi aliyekuja na gari kutoka Lukozi aliyasukuma kwa ncha ya kiatu, akauliza kama ni chakula cha mbuzi. Fedha zilizochangwa hazikurudi hata nusu. Mama aliyeuza kuku hajarudi darasani mpaka leo. Nimekwenda kwake mara tatu. Hunikaribisha chai, tukazungumza habari za watoto na za mvua, lakini darasa halitaji.

Sasa yule bibi. Siku ile nilipomkatalia, alichukua miche kumi, akaifunga ndani ya kanga yake, akaenda kuipanda nyuma ya jiko lake bila kuniambia. Mbegu zilezile, kitalu kilekile, maji ya mfereji uleule. Alipata maua tisa makubwa, kila moja likijaza sufuria. La kumi aliliwahi mbuzi. Akaja nalo moja darasani, akaliweka juu ya meza yangu katikati ya kipindi, akaenda kukaa mahali pake. Hakusema neno.

Tofauti kati ya maua yake na yetu ilikuwa ni wiki tatu tu. Ndiyo maana nasema hili ni zao la kuhesabu siku. Mmejifunza kusoma, kuandika na kuhesabu. Basi leo toeni madaftari.

Tuanze na wakati. Koliflawa hupenda hali ya hewa ya nyuzi joto 15 hadi 20. Joto likizidi nyuzi 25 wakati wa kutoa ua, aina nyingi huharibika: ua hulegea, huota majani madogo katikati, au hutawanyika likawa kama punje za wali. Ziko aina zinazovumilia joto. Koliflawa ilipelekwa India kutoka Ulaya mwaka 1822, na wakulima wa kule wamekuwa wakichagua mbegu za mimea iliyostahimili joto lao, mpaka wakapata aina zao wenyewe. Kwa hiyo mtu wa Mombo asikate tamaa, ila atafute mbegu za namna hiyo. Sisi wa huku juu tuna bahati ya baridi. Kila unapopanda mlima mita 1,000, joto hupungua kwa kadiri ya nyuzi 6. Ndiyo maana ukishuka Mombo unavua sweta, na ukirudi Soni unalitafuta.

Baridi yetu kubwa ni kuanzia Juni hadi Agosti. Basi tunataka ua lijengeke ndani ya miezi hiyo, na tuhesabu kurudi nyuma. Mbegu ya muda mfupi kama Early Snowball huchukua siku 60 hadi 75 tangu kupandikizwa mpaka kuvunwa. Kwenye baridi kali huongeza siku chache. Kitaluni hukaa wiki 4 hadi 5. Sasa andikeni mfano huu. Kusia mbegu tarehe 1 Mei, siku ya wafanyakazi, ambayo hakuna atakayeisahau. Kupandikiza, siku 35 baadaye, ni tarehe 5 Juni. Kuvuna, siku 70 baada ya hapo, ni tarehe 14 Agosti. Mkitoka hapa, kila mmoja ahesabu mwenyewe kwenye kalenda aone kama nimekosea.

Kwa nini tusisie Machi au Aprili? Kwa sababu ya masika. Mvua ya huku inapiga miche midogo, inaifunika matope, na kitalu kikilowa mno kinaingiwa na kinyausi, ule ugonjwa unaokata shina pale chini mche ukaanguka kama umekatwa kwa uzi. Anayeweza kujenga paa la nyasi au la nailoni juu ya kitalu anaweza kuwahi. Asiyeweza asubiri Mei. Na mtu mwenye jamaa Njombe au Makete amwambie kwamba kule mambo ni tofauti kidogo, kwa maana mwezi wa Juni na Julai umande huganda asubuhi. Mmea uliozoea baridi huweza kustahimili, lakini ua lililo wazi huungua, likaoza.

Tena msisie mbegu zote siku moja. Hilo ni kosa la bustani nyingi za nyumbani. Miche arobaini iliyopandwa pamoja hukomaa pamoja, na ua lililokomaa halingoji shambani. Familia haiwezi kula koliflawa arobaini kwa wiki mbili. Sieni mafungu matatu: la kwanza 1 Mei, la pili 15 Mei, la tatu 29 Mei. La pili mtapandikiza 19 Juni na kuvuna karibu na 28 Agosti. La tatu mtapandikiza 3 Julai na kuvuna karibu na 11 Septemba. Miche kumi kumi kwa kila fungu inatosha nyumba, na ziada ya jirani ipo.

Mbegu nunueni dukani, pakiti ndogo, iliyofungwa, na msome tarehe ya mwisho wa matumizi iliyoandikwa juu yake. Gramu moja ina mbegu kama 300, kwa hiyo msidanganywe na udogo wa pakiti. Mnaweza kuchanga watu kadhaa mkanunua moja. Msijaribu kutunza mbegu za koliflawa bustanini mwenu, maana ikichanua hupandana na kabichi na sukuma wiki za jirani, na watoto watakaozaliwa hamtawatambua.

Kitalu kiwe na upana wa mita moja ili mkono ufike katikati bila kukanyaga. Kiinuliwe kidogo, udongo ulainishwe, uchanganywe na samadi iliyooza kabisa. Chora mistari iliyoachana sentimita 10, kina cha sentimita moja, weka mbegu moja moja, funika, tandaza nyasi kavu, mwagilia. Mbegu zikianza kuchomoza, baada ya siku 5 hadi 8 hivi, ondoa nyasi siku hiyohiyo jioni. Anayechelewa atapata miche mirefu myembamba kama nyuzi za taa. Punguza ile iliyobanana. Siku saba kabla ya kupandikiza punguza maji kidogo na uondoe kivuli, ili miche izoee jua. Nimesema punguza, sikusema ikaushe.

Wakati miche iko kitaluni, tayarisha shamba. Kwa miche arobaini unahitaji kipande cha mita 4 na nusu kwa mita 2 na nusu tu. Hicho karibu kila mtu hapa anacho nyuma ya nyumba. Kisiwe mahali palipokuwa na kabichi, sukuma wiki au figiri mwaka jana wala mwaka juzi, kwa sababu magonjwa ya jamii hii hubaki kwenye mabaki yake udongoni. Palipokuwa na maharage, karoti au vitunguu pafaa sana.

Udongo wetu wa milimani, sehemu nyingi, ni wenye uchachu, kwa sababu mvua imeuosha miaka mingi. Koliflawa haipendi uchachu. Katika udongo wa namna hiyo mmea hushindwa kupata madini ya molibdeni, na majani yake huwa membamba kama mjeledi, ubao wa jani haupo, umebaki mshipa tu. Mkiona hivyo msikimbilie dawa ya wadudu; si wadudu. Dawa yake ni chokaa ya kilimo iliyochanganywa na udongo mapema, mwezi mmoja au zaidi kabla ya kupanda. Bwana shamba atawaambia kiasi baada ya kupima udongo. Asiye na chokaa anyunyize jivu la kuni, linasaidia pia.

Madini mengine inayoyahitaji ni boroni. Ikikosa boroni, shina huwa na tundu ndani, na ua hugeuka rangi ya kahawia kama limeunguzwa. Pakitokea hivyo mwaka huu, mwaka ujao tumieni boraksi, gramu 10 hadi 15 tu kwa mita za mraba 10, iliyoyeyushwa kwenye keni ya maji na kumwagiwa udongo kabla ya kupanda. Narudia, gramu 10 hadi 15 tu. Ikizidi inakuwa sumu kwa mimea, na maharage mtakayopanda baadaye ndiyo yatakayoumia kwanza. Pimeni dukani kwenye mizani, msikadirie kwa kiganja.

Siku ya kupandikiza, chagua jioni au siku ya mawingu. Mwagilia kitalu kwanza. Chagua miche yenye majani manne hadi sita, yenye kiini kizima katikati. Mche usio na kiini ni kipofu, hautatoa ua kamwe, mtupie kuku. Mashimo yaachane sentimita 45, na mistari sentimita 60. Kila shimo litiwe kopo la lita moja la samadi iliyooza, ichanganywe na udongo. Panda mche ukiwa na udongo wake mizizini, mpaka usawa wa majani ya kwanza, kandamiza kwa vidole, mwagilia papo hapo. Na kama kuna mgeni anakuja, atakuta mmeshapanda.

Zunguzia kila mche ganda la mgomba au karatasi ngumu, liingie udongoni kidogo. Hilo ni kwa ajili ya sota, wale viwavi wanene wa rangi ya udongo wanaokata miche usiku na mchana hujificha. Ukikuta mche umekatwa asubuhi, chimba kwa kidole pembeni yake. Mwizi utamkuta amejikunja hapo hapo.

Sasa maji. Mwezi wa Juni mpaka Agosti huku kwetu kuna ukungu, na ukungu huu umewadanganya wengi. Asubuhi majani yamelowa, mtu anasema leo sina haja ya kumwagilia. Chimbua udongo kwa kidole uone, chini ni pakavu kabisa. Koliflawa inahitaji kama lita 25 za maji kwa kila mita moja ya mraba kwa wiki. Bustani ya mita za mraba 10 ni lita 250, yaani madumu kumi na mawili na nusu ya lita 20. Ukiyagawa mara tatu kwa wiki ni madumu manne na kidogo kila mara. Najua ni mzigo, hasa kwa akina mama ambao ndio wachotaji. Kwa hiyo akina baba mliopo hapa, hesabu hii inawahusu. Mwenye mfereji ana nafuu, ila auheshimu mgawo wa zamu. Nyasi kavu zikitandazwa kuzunguka miche zitapunguza madumu hayo, kwa sababu jua halitakausha udongo upesi. Kibaya zaidi ya maji kidogo ni maji ya mara moja moja: wiki hii gharika, wiki ijayo ukame.

Mbolea ya kukuzia, kama CAN, weka wiki tatu baada ya kupandikiza, kizibo kimoja cha soda kwa kila mche, uizungushe mbali na shina kadiri ya shibiri moja, kisha mwagilia. Rudia baada ya wiki tatu nyingine kama majani yanaonekana ya manjano. Asiye na fedha aloweke samadi ndani ya ndoo kwa siku kumi, aichuje, aizimue kwa maji mpaka iwe na rangi ya chai ya rangi, amwagilie hiyo kila wiki. Palizi iwe ya juu juu, mizizi ya zao hili haiko mbali.

Wadudu wapo, na mbaya kuliko wote ni kiwavi mdogo wa kijani wa nondo wa kabichi, anayetoboa majani yakabaki kama chujio. Ukimgusa hujipindapinda na kujiangusha kwa uzi. Kwenye bustani ya miche thelathini, dawa ya kwanza ni vidole: pindua majani kila asubuhi, ponda viwavi na mayai. Nondo huyu amezoea dawa nyingi za dukani, tena kwa kosa letu la kunyunyizia ileile kila wiki. Ikibidi kununua, ulizeni ile yenye bakteria wa kuua viwavi, iitwayo Bt, kwani haiwaui nyuki. Dawa yoyote mtakayonunua, someni kibandiko chote, na hasa mahali palipoandikwa siku za kungoja kabla ya kuvuna. Kama imeandikwa siku 14, ni 14. Ninyi mmesoma, hamna tena udhuru wa kusema muuzaji ndiye aliyeniambia.

Mkiona jani lina doa la manjano lenye umbo la herufi V kuanzia ukingoni, na mishipa ya ndani imekuwa myeusi, huo ni uozo mweusi. Hauna tiba. Ng'oa mche, uchome moto au uufukie mbali, usiutupe kwenye lundo la mboji. Usiingie bustanini kufanya kazi majani yakiwa yamelowa, maana utaubeba kwa mikono na nguo.

Tumekaribia mwisho, na hapa ndipo watu wengi huchoka. Ua likianza kuonekana, likifikia ukubwa wa yai, lisiachwe wazi. Jua likilipiga hugeuka manjano, na hata zambarau, na ladha huwa kali. Kusanya majani yake makubwa ya nje, yafunike juu ya ua kama mtu anavyojifunga kilemba, uyafunge kwa kamba ya mgomba, polepole, yasibane. Fanya hivyo majani yakiwa makavu, kwa sababu ukifunga na maji ndani ua litaoza. Njia nyingine rahisi ni kuvunja jani moja kubwa katikati na kulilaza juu ya ua. Ziko aina ambazo majani yake hujifunika yenyewe, someni pakiti.

Andika tarehe uliyofunga. Tangu hapo, kila baada ya siku mbili fungua kidogo uchungulie. Wakati wa joto ua huwa tayari kwa siku tano tu. Kwenye baridi yetu laweza kuchukua hata wiki mbili. Kata likiwa gumu, limebana, jeupe, uso wake laini. Ukiona kingo zimeanza kuachana, umeshachelewa siku moja au mbili. Kata sasa hivi, usiliongezee siku ukitumaini litaongezeka uzito. Kata asubuhi kwa kisu kikali, uache majani machache ya kulikinga njiani. Anayepeleka sokoni asilirushe kama kabichi, likigongwa huwa jeusi kesho yake.

Kwa chakula, vunja vipande, viloweke kwenye maji ya chumvi kama robo saa, viwavi waliojificha watatoka wenyewe. Kisha chemsha dakika chache tu, au ukaange na kitunguu na nyanya. Mwenye nazi kutoka bondeni Tanga aitie, hatajuta. Ukichemsha mpaka ikavurugika, vitamini C imekwenda na maji. Majani machanga hupikwa kama kabichi, na yaliyobaki ni ya ng'ombe.

Mbegu ziko hapa mezani. Bibi ndiye atakayezigawa, hamsini kwa kila mtu, zatosha mafungu matatu na chache za akiba. Kabla hujazipokea, fungua daftari uandike tarehe tatu za kusia na tarehe tatu za kupandikiza. Bibi hasomi haraka, lakini anasoma, na ameniambia asiyeandika hapewi. Mimi nimeshaonyesha daftari langu.

Mbegu hamsini nimezifunga kwenye karatasi kwa ajili ya yule mama aliyeuza kuku. Hizo nitampelekea mwenyewe leo jioni. Maswali tutaulizana kule kitaluni, twendeni kabla mvua haijashuka.